Mrusi wa Kona ya Mbao

Dhambi ya mzee Sedekia ilitendeka kanisani, mchana kweupe, na watu zaidi ya mia mbili wakaiitikia Amina. Ilikuwa sikukuu ya mavuno. Wageni kutoka nje wamekaa viti vya mbele, mchungaji akasema kila aliyejaliwa lugha asimame aombe kwa lugha hiyo, na usharika mzima ukageuza shingo kumtazama yeye, maana Mafinga nzima ilijua kwamba Sedekia anajua Kirusi. Alikuwa na nafasi ya kukataa, hakukataa. Alisimama, akafumba macho, akazungusha ulimi, akamtajia Mwenyezi Mungu vipuri vya mashine ya kupasulia mbao: beringi, puli, shafti, gasketi, nozeli. Vilipokwisha akaanza upya. Kina mama wawili walilia. Na ukweli wenyewe ni huu, kwamba miaka karibu thelathini iliyopita, huko msituni, alimbebea boksi la spana fundi mmoja wa kigeni kwa wiki mbili, na fundi yule alikuwa mtu wa kukaa kimya. Sedekia hakuwahi hata kumuuliza kwao wapi. Alirudi nyumbani na jina la Mrusi, na jina likamkaa kama koti la kurithi: linabana mabegani, lakini nani atalivua kwenye baridi kama ile?

Baridi ya Mafinga mwezi wa saba unaijua. Asubuhi hiyo ukungu ulikuwa umelala barabarani kama ng'ombe aliyegoma kuondoka, na watu wa Kona ya Mbao walikuwa wameshakaa kwenye benchi lao la mabanzi, yale maganda ya magogo yanayobaki mbao zikishapasuliwa. Hapo ndipo gari za Iringa husimama kuita abiria, na hapo ndipo Benedicta, mama Tekla, huuza kahawa yake ya tangawizi. Kulia alikaa Adrian, karani mstaafu, waliyempa jina la Spika kwa sababu hakuna anayeongea bila ruhusa yake, na ruhusa yenyewe haitoki. Katikati Jailos, mpasua mbao, aitwaye Msumeno, si kwa kazi yake bali kwa tabia ya kukata maneno ya wenzake. Brayson wa bodaboda, jina la kijiweni Netiweki, alikuwa amekaa juu ya pikipiki yake. Taarifa zake huja na kupotea. Mwishoni kabisa mwa benchi alikaa Sedekia, amejikunyata, anaomba Mungu wazungumzie mpira.

Hawakuzungumzia mpira.

Spika: Kikao kimeanza. Hoja ni moja. Tekla, binti wa Benedicta, amepata ufadhili, anakwenda Urusi kusomea misitu. Mwaka wa kwanza mzima anasoma lugha. Anaondoka mwezi wa tisa, na mpaka leo kwa Kirusi hajui hata kuomba maji. Mama Tekla, eleza.

Benedicta: Nieleze nini, na nyie mnajua? Kuna mwalimu Iringa mjini, anaitwa Faustina, alisoma hukohuko. Alipiga simu jana. Darasa la wanaoanza linafunguliwa leo saa nane, halina malipo, nafasi imebaki moja. Tekla asipofika leo anapewa mwingine.

Spika: Na wewe umeamuaje?

Benedicta: Nimeamua nini tena, Spika? Mtoto nimpeleke Iringa akalale kwa watu nisiowajua, na Mrusi amekaa hapa? Mzee Sedekia, kikombe chako hiki. Cha mwalimu kinatangulia.

Sedekia akakipokea kwa mikono miwili. Kilikuwa kinaunguza, lakini hakukiweka chini. Pembeni ya jiko la mkaa alisimama Tekla, daftari jipya amelikumbatia kifuani. Siku tatu mfululizo alikuwa amekwenda kwa mzee huyo kufundishwa. Siku ya kwanza Sedekia aliomba sala ndefu ya kufungua darasa. Siku ya pili aliomba ndefu zaidi. Siku ya tatu alimwambia binti arudie yote waliyosoma, na kwa kuwa hawakuwa wamesoma lolote, darasa lilifungwa mapema.

Tekla: Babu, leo tutaanza herufi?

Sedekia: Herufi... herufi zina wakati wake, mwanangu.

Spika: Umesikia! Wahenga walisema, maji ukiyavulia nguo sharti uyaoge. Maana yake, mtoto abebe koti zito.

Jailos: Herufi za kazi gani? Kile Kirusi ni lugha ya baridi. Mtu wa baridi hafungui mdomo wote, upepo utaingia. Tusikilize sisi asubuhi tukiamkiana "kamwene", inatokea puani. Sasa mchukue mtu wa Dar. Anaongea mdomo wazi mpaka unaona alichokula juzi. Yule Kirusi hakiwezi maisha. Mtoto wetu kazaliwa baridini, nusu ya lugha anayo tayari.

Brayson: Kwa hiyo watu wa Makete ni Warusi kamili?

Jailos: Makete ni Warusi, hawajaambiwa tu.

Spika: Mheshimiwa Msumeno, umekaribia, lakini umepita njia ya porini. Lugha haiingii kwa mdomo, inaingia kwa tumbo. Wale wanakula viazi asubuhi, mchana, jioni. Sasa sisi tumelima viazi tangu babu zetu, na viazi vyenyewe vinakwenda wapi? Vinapakiwa lori kwenda mjini. Lugha yetu tunaipakia kwenye lori, halafu tunashangaa watoto hawajui Kirusi!

Jailos: Mimi nakula viazi kila siku.

Spika: Unakula na mafuta. Mafuta yanateleza, lugha haishiki.

Sedekia alimwangalia Tekla. Binti alikuwa anageuza kurasa tupu za daftari kana kwamba huenda kuna kitu kimeandikwa mbele zaidi. Moyo ukamchoma mzee. Akasema ndani yake, Bwana, fungua midomo yangu, na kabla woga haujarudi akafungua midomo.

Sedekia: Ndugu zangu, naomba niseme kitu. Mimi Kirusi sikijui.

Jailos akaanza kucheka. Brayson akafuata, na Spika akacheka mpaka kofia ikamdondoka.

Spika: Mnaona mtu mwenye elimu? Debe tupu haliachi kuvuma. Huyu kajaa, ndiyo maana anakana!

Jailos: Mimi kaka yangu anajua Kiingereza nusu, anakiongea mpaka msibani. Huyu mzee anajua lugha nzima, anasema hajui. Mungu atupe wengi kama hawa.

Sedekia: Sijishushi jamani. Nasema ukweli.

Benedicta: Mzee, kunywa kahawa, inapoa.

Brayson: Tuacheni longolongo, mzee wetu tumpumzishe kidogo. Mimi nimeshtukia mchongo. Jana niliingia mtandaoni nikaona zile herufi zao. Ziko thelathini na tatu. Oneni hii picha. Hii R imegeuka inatazama nyuma. Hii N nayo imekaa kinyume. Sasa nyie wazee wenye akili, kitu kikikaa kinyume, unakisomea wapi?

Jailos: Wapi?

Brayson: Kwenye kioo!

Hapo hapo akashuka, akafungua kioo kimoja cha pikipiki kwa spana, akamwomba Tekla achore zile herufi kwenye daftari. Binti akachora kwa heshima, akifuata picha ya kwenye simu. Wakamshikia kioo. Vichwa vitatu vikakutana juu yake kama madaktari juu ya mgonjwa.

Jailos: Kweli! R imekaa sawa!

Spika: Lakini hii B sasa imegeuka. Na hii K.

Brayson: Hizo unazisoma bila kioo.

Spika: Kwa pamoja?

Brayson: Jicho moja kwenye kioo, jicho moja kwenye karatasi. Mazoezi tu, mzee baba.

Jailos akajaribu. Alikaa hivyo kwa muda, jicho la kulia Mashariki, la kushoto Magharibi, mpaka machozi yakamtoka. "Ndiyo maana wale watu hawacheki ovyo," akasema akijifuta. "Mtu umesoma namna hii tangu chekechea, utacheka saa ngapi?"

Tekla: Kaka Brayson, humo kwenye simu si kuna mtu anazitamka? Bonyeza tumsikie.

Brayson: Bando limeisha.

Spika: Basi, basi, tusiende kiholela. Haraka haraka haina baraka, kwa hiyo gari la Iringa lisubiri. Mimi napendekeza tuunde kamati. Kamati ya Maandalizi ya Kirusi. Mwenyekiti nitakuwa mimi, siombi, mnanilazimisha. Katibu ni Msumeno. Mlezi wa kamati, mzee Sedekia. Netiweki afungue kundi la WhatsApp. Tukishapitisha katiba, na tukipata muhuri, ndipo tunaingia kwenye herufi ya kwanza.

Tekla: Mwezi wa tisa nitakuwa nimeshaondoka, baba.

Spika: Utatukuta tumefika mbali.

Sedekia aliwaza jambo lililomtisha. Uongo wake, miaka ile, ulipokelewa bila kuulizwa barua ya mwenyekiti wa mtaa. Ukweli ameuleta leo, wanausimamisha mlangoni wanataka kitambulisho. Akajua hana budi kutoa kile kikubwa.

Sedekia: Benedicta. Unaikumbuka ile sala ya sikukuu ya mavuno?

Benedicta akaweka birika chini. Uso wake ukalainika hata Sedekia akatamani ardhi ipasuke.

Benedicta: Nitaisahau vipi, mzee? Nililia mimi. Sikuelewa neno hata moja lakini nililia. Wiki mbili baadaye barua ya Tekla ikafika. Mara mbili alikuwa ameomba akakosa. Sasa niambie, mikono iliyomwombea mwanangu akapata, leo nimtoe humo nimpeleke kwa mtu mwenye cheti?

Sedekia: Ile sala ilikuwa beringi. Beringi na puli na gasketi. Nilitaja vipuri vya mashine, mama. Nilizungusha ulimi tu.

Jailos: Aa! Mimi nilisikia "gasketi"! Nilikaa nikajiuliza, kumbe mbinguni nako kuna mashine?

Spika: Kumbe gasketi ni Kirusi! Tekla, andika hilo. Neno la kwanza limepatikana, na kamati haijamaliza hata saa moja.

Tekla alishika kalamu. Aliiweka juu ya karatasi, akaiondoa. Alimtazama Sedekia machoni kwa mara ya kwanza tangu asubuhi, na Sedekia akaona kwamba binti amemwamini. Kwenye benchi lote ni yeye peke yake aliyeamini, na hakuwa na kauli mbele ya mama yake.

Benedicta: Usijitese, mzee wangu. Mungu hasikilizi maneno, anasikiliza moyo. Wewe mfundishe tu huyu hivyohivyo unavyojua.

Ni vigumu kumjibu mtu anayekusamehe kosa ambalo hajalielewa. Sedekia alikuwa bado anatafuta pa kuanzia gari la Madibira lilipofika likamshusha binti mmoja mwenye begi mgongoni na mfuko wa mchele mkononi, anatetemeka hata midomo imepauka. Akaja moja kwa moja mpaka penye jiko, akapiga goti kidogo mbele ya wazee kama alivyolelewa.

"Shikamooni wazee. Shikamoo mama. Naulizia gari za Iringa."

Benedicta: Marahaba mwanangu. Ni ile Kosta pale, haijajaa bado. Sogea kwenye moto. Unaitwa nani?

"Nyamizi."

Spika: Karibu Nyamizi. Mgeni njoo, mwenyeji apone. Maana yake, kahawa yangu utanunua wewe.

Brayson: Dada wa Kisukuma, ng'ombe umewaacha na nani?

Nyamizi: Na babu yangu. Mbona pikipiki yako ina sikio moja?

Hata Tekla alicheka. Brayson akakificha kioo nyuma ya mgongo.

Benedicta: Iringa unakwenda kwa ndugu?

Nyamizi: Nakwenda kusoma, mama. Nimepata ufadhili, nakwenda Urusi mwezi wa tisa, uuguzi. Kuna mwalimu anaitwa Faustina anafundisha wanaoanza, nafasi yangu ameshaniwekea. Darasa ni leo saa nane.

Jailos akaruka kutoka kwenye benchi.

Jailos: Wewe binti una bahati ya mtende! Rudisha nauli yako mfukoni. Mrusi ni huyu hapa. Umemkuta anakunywa kahawa!

Nyamizi alimgeukia Sedekia kwa furaha ambayo haikuwa na mzaha hata chembe. Akaweka mfuko wa mchele chini, akatoa mfukoni karatasi iliyokunjwa mara nne. Ilikuwa imejaa herufi kwa penseli, zimefutwa, zimeandikwa tena, zimefutwa, mahali pengine mpaka karatasi imetoboka.

Nyamizi: Babu, samahani, nimejifundisha kwa simu ya jirani. Herufi nimeshika kumi na moja tu, hizi nyingine bado zinanichanganya, zinafanana na zetu lakini sauti ni nyingine. Ila kuna jambo linanisumbua tangu nyumbani. Mtu mzima ukikutana naye asubuhi, Kirusi unamwamkiaje? Sitaki nifike ugenini waseme kwetu hatukufundishwa adabu.

Mkaa ulipasuka jikoni.

Jailos: Wanapeana mikono.

Brayson: Wanapunga.

Spika: Hoja hiyo ni nzuri. Ipelekwe kwenye kamati.

Nyamizi: Mimi nimeuliza neno tu, baba.

Wakamgeukia Sedekia wote, kwa pamoja, kama siku ile kanisani. Na neno lilikuja. Lilikuwa limekaa kwenye ncha ya ulimi, limenyooka, linasubiri amri kama mbwa aliyefunzwa. Angetamka kipuri chochote, cha mashine yoyote, na kutoka Makongolosi mpaka Mgololo asingetokea wa kumbishia. Binti angekiandika kwenye karatasi yake kwa penseli. Angekibeba kwenye ndege. Angemkuta mama mtu mzima kwenye theluji, apige goti, amwamkie kwa heshima zote: nozeli.

Sedekia akaitazama ile karatasi. Mtu ana herufi kumi na moja, anasema ana kumi na moja.

Sedekia: Sijui, mjukuu wangu.

Spika: Anakupima huyo, binti. Ndivyo walivyo.

Sedekia: Simpimi. Nimeulizwa salamu, sijui.

Nyamizi hakushangaa wala hakucheka. Alikunja karatasi yake taratibu.

Nyamizi: Hata mimi sijui, babu. Ndiyo maana nakwenda.

Akainama kuchukua mfuko wake, na alipoinuka macho yake yakaangukia daftari la Tekla. Juu, kwa herufi kubwa zilizopigiwa mstari, palikuwa pameandikwa KIRUSI. Chini yake michoro michache ya kioo, kisha weupe mtupu.

Nyamizi: Kumbe na wewe unakwenda? Sasa dada, wewe unafundishwa na nani?

Tekla alimtazama mama yake. Mama yake alimtazama Jailos. Jailos aligundua kwamba kuna vumbi la mbao kwenye kiatu chake. Brayson alianza kukirudisha kioo mahali pake, spana ikamponyoka mara mbili. Spika, mtu aliyechangia kila mkutano wa kata kwa miaka ishirini, alifungua mdomo, akaangalia huku na huku kama aliyesahau ajenda, akaufunga.

Kule barabarani utingo alipiga bati la Kosta. "Iringa! Wawili tu, Iringa, tunaondoka!"

Benedicta alikuwa bado ameshika kitambaa cha birika. Macho yake yalimrudia Sedekia, na safari hii hayakuwa laini. Yalikuwa macho ya mama anayehesabu siku zilizopotea.

Sedekia alikiweka kikombe kwenye benchi. Alisimama, akavua kofia kwenye baridi ile.

"Mama Tekla," akasema, "kila mara nilipowaambia mlidhani najishusha. Sijishushi. Nimekula siku tatu za mwanao kwa uongo, na kanisani nilimfanyia Mungu mchezo mbele yako. Machozi yako siku ile yalikuwa ya kweli, nadhani ndiyo yaliyosikika. Mimi sikuomba kitu. Jumapili nitasimama niseme mbele ya wote, na ukitaka kunichukia una haki. Lakini Jumapili iko mbali, na nafasi mbili za kwenye Kosta zinajaa sasa hivi. Nakuomba, mwache mtoto apande."